Jina Lililoshuka Mstari Mmoja: Uchambuzi wa Kisa cha Mwelekezi wa Tamthilia

Kuhusu kisa hiki

Mwenye kisa ameusoma uchambuzi huu na kuridhia utolewe. Jina lake, la tamthilia, la kampuni na la kituo cha televisheni yote yameondolewa. Baadhi ya mazingira yamebadilishwa ili asitambulike, na fedha hazitajwi. Nitamwita Mwelekezi. Nafundisha vijana uelekezaji, na mara kwa mara huja binti mwenye kipaji ameshika mkataba ambao tayari ameshausaini, ananiuliza unasemaje. Kwa ajili yake nimekiandika kisa hiki kwa urefu.

Usuli

Mwelekezi ni mzaliwa wa Pwani ya Kenya, mtoto wa mji ambao ukitaja jina la baba utaulizwa na la babu. Alisomea utengenezaji wa filamu Nairobi, akaanza kazi kama msimamizi wa mwendelezo: yule anayeandika kwamba kikombe kilishikwa mkono wa kushoto na mtandio ulikuwa begani, ili picha ya leo asubuhi iungane na ile itakayopigwa wiki ijayo. Wasichana wengi hupelekwa huko, au kwenye mavazi, kwa imani kwamba wao ni watu wa vitu vidogovidogo. Imani hiyo ni ya dharau, lakini kiti chenyewe kina elimu kubwa. Msimamizi wa mwendelezo hukaa bega kwa bega na mwelekezi mbele ya monita, akaona kila kosa linavyofanyika na linavyogharimu. Miaka ile ndiyo iliyomfunza kazi.

Kutoka hapo alipanda kuwa msaidizi wa mwelekezi, kisha akapewa sehemu chache za kipindi cha vichekesho azielekeze mwenyewe. Wakati ulimsaidia. Kenya ilizima matangazo ya analojia mwaka 2015, vituo vikaongezeka, na kila kituo kikawa kinatafuta cha kujaza saa za jioni. Tamthilia za Kiswahili zikapata soko ambalo halikuwapo alipokuwa mwanafunzi.

Wala mwanamke kwenye kiti cha mwelekezi si jambo geni nchini. Anne Mungai alitoa *Saikati* mwaka 1992. Judy Kibinge akaja na *Dangerous Affair* mwaka 2002. *Rafiki* ya Wanuri Kahiu ilifika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2018, na mwaka huohuo ikapigwa marufuku nyumbani. Lakini hizo ni filamu, na filamu humtambua mwelekezi kuwa ndiye mwenye kazi. Tamthilia ya kila jioni ina utaratibu mwingine. Waelekezi huwa wawili au watatu kwa zamu: mmoja yuko seti, wa pili anaandaa sehemu zijazo, wa tatu yuko na mhariri. Utaratibu huo unarahisisha kazi, na unarahisisha vilevile kumtoa mtu mmoja bila mtazamaji kugutuka. Mengi ya yaliyompata Mwelekezi yalipitia mlango huo.

Andiko na mkataba

Kabla ya kampuni yoyote kuingia, Mwelekezi alikuwa ameandika andiko mama la tamthilia: ukoo mmoja, nyumba moja kongwe, wanawake wa vizazi vitatu, siri zao na safari ya msimu mzima. Aliandika pia muswada kamili wa sehemu ya kwanza. Aliandika usiku, kwa muda wake, bila kulipwa na mtu. Akamtumia prodyuza mmoja kwa barua pepe. Prodyuza akaupenda, akaupeleka kwenye kituo, kituo kikaagiza msimu mmoja.

Mkataba ulimfikia jioni ya kuamkia siku ya kwanza ya kurekodi. Kikosi kilikuwa kimeshafika Mombasa, kamera zimekodiwa, waigizaji wamelala hotelini kwa gharama ya kampuni. Ulikuwa mkataba wa huduma za uelekezi, malipo kwa kila sehemu, na yeye akiwa mkandarasi huru. Kazi zote zitokanazo na huduma hizo zilikuwa mali ya kampuni. Majina yangeonyeshwa kwenye skrini kwa namna ambayo kampuni ingeona inafaa. Kampuni ingeweza kumbadilisha kwa taarifa fupi. Kuhusu andiko mama hapakuwa na hata sentensi moja.

Aliuliza. Akajibiwa: “Dada, hii ni karatasi ya ofisi tu. Sisi tushakuwa ndugu.” Akasaini. Sababu aliyonipa ni ya kweli na ninaiheshimu: aliona kwamba akikataa usiku ule, watu wengi wangerudi Nairobi bila ujira, na kituo kingeambiwa mwanamke wa Pwani amevuruga kazi kabla haijaanza.

Mambo yalivyokwenda

Msimu wa kwanza ulikuwa wake kwa kila hali. Alikataa kupiga mji kutoka juu angani kama matangazo ya watalii. Kamera aliiweka kwenye kimo cha mtu aliyeketi barazani, na kimo hicho kikawa sura ya tamthilia nzima. Mazungumzo yalipotoka kwa waandishi wa Nairobi aliyapitisha kwa bibi wawili wa mtaani, wakayarekebisha hadi yakasikika kama watu wanavyosema ndani ya nyumba zao. Ratiba aliipanga kwa kufuata adhana, maana katika vichochoro vile misikiti iko karibu karibu na fundi sauti hawezi kufanya lolote mpaka wote wamalize. Zamu ndefu za mazungumzo zikawekwa baina ya alasiri na magharibi, na adhuhuri ikawa ya kula na kupanga taa.

Jambo kubwa zaidi halikuonekana kwenye bajeti. Nyumba za mtaa ule zina akina mama ambao hawaruhusu wanaume wageni kuingia uani. Mwelekezi alikwenda nyumba kwa nyumba pamoja na mama yake na shangazi yake. Akaahidi kwamba kwenye nyumba fulani fulani wataingia wanawake peke yao, kuanzia mpiga picha hadi mwenye taa, na kwamba asiyetaka sura yake ionekane haitaonekana. Akatimiza. Milango ikafunguka ambayo kampuni isingeifungua kwa kodi ya aina yoyote. Tamthilia ikapendwa, na kituo kikaagiza msimu wa pili.

Mwanzoni mwa kurekodi msimu wa pili alikuwa mjamzito. Alimwambia prodyuza mapema, mimba ikiwa ya miezi minne, tena akaja na mpango ulioandikwa: aelekeze sehemu za mwanzo kama kawaida, miezi ya mwisho ahamie kwenye uhariri, msaidizi wake ashike seti, naye arudi baada ya arobaini. Ulikuwa mpango unaotekelezeka, kwa sababu zamu za waelekezi tayari zilikuwa zinakwenda hivyo. Jibu lilikuja kwa simu: “Pumzika, dada, lea mimba. Kazi ipo, haikimbii.” Alilipokea kama wema. Wiki chache baadaye sehemu zake za mwanzo nazo akapewa msaidizi, kijana ambaye yeye mwenyewe ndiye aliyemfunza.

Aliporudi baada ya arobaini alikuta mambo matatu. Kijana alikuwa ametangazwa mwelekezi wa tamthilia. Jina lake yeye lilikuwa limeshuka mstari mmoja, akawa “mwelekezi mshirika”, hata kwenye sehemu alizozielekeza peke yake, na marudio ya msimu wa kwanza yalikuwa yamehaririwa upya kwa orodha hiyohiyo. La tatu lilimuuma kuliko yote: tamthilia ya pili ilikuwa imeagizwa, na mhusika wake mkuu alitoka kwenye andiko lake.

Alichoamua, na kwa nini

Marafiki walimshauri aandike mitandaoni. Watazamaji walimpenda, na hasira yao ingewaka siku hiyohiyo. Hakuandika. Alihofia kwamba kampuni ingemjibu kwa sifa ya “mgumu wa kufanya naye kazi”, na katika soko la vituo vichache sifa hiyo humfuata mwanamke muda mrefu kuliko inavyomfuata mwanamume. Alihofia pia kwamba kijana aliyechukua nafasi yake angesulubiwa kwa uamuzi ambao hakuufanya.

Badala yake alikusanya karatasi: barua pepe ya kwanza pamoja na andiko lililoambatanishwa, rasimu zilizotangulia, ratiba za kila siku zenye jina lake kama mwelekezi, mpango wake wa ujauzito. Akaenda kwa wakili. Wakili aliyapanga malalamiko katika mafungu, kwa kuwa kila fungu lilikuwa na sheria yake na uzito wake.

La jina lilikuwa dhaifu. Chini ya Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, mtunzi wa kazi ya picha na sauti ni mtu aliyefanya maandalizi ya kutengenezwa kwake, maana yake kwa kawaida prodyuza. Mwelekezi hayumo katika tafsiri hiyo. Nchi za Umoja wa Ulaya zimechagua njia nyingine, na huko mwelekezi mkuu huhesabiwa kuwa mmoja wa watunzi. Kwa hiyo Kenya mwelekezi hana budi kulilinda jina lake ndani ya mkataba, na mkataba wake ulikuwa umeikabidhi kampuni kalamu.

La ujauzito lilikuwa na uzito wa haki lakini halikuwa na ushahidi. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inampa mfanyakazi likizo ya uzazi ya miezi mitatu kwa mshahara kamili, ila yeye aliandikwa mkandarasi. Ibara ya 27 ya Katiba ya 2010 inataja ujauzito waziwazi na inamkataza hata mtu binafsi kubagua, na hiyo isingejali ameandikwa nani. Lakini kila neno la kampuni juu ya mimba lilisemwa kwa simu, tena kwa sauti ya huruma.

La andiko ndilo lililokuwa na nguvu. Kazi iliyoagizwa huhesabiwa kuwa imehamia kwa aliyeagiza, isipokuwa wahusika wawe wamekubaliana vingine. Andiko hili hakuna aliyeliagiza. Lilikuwapo kabla ya mkataba, na mkataba ulihusu huduma za uelekezi tu. Kuhamisha hakimiliki kunataka maandishi yaliyosainiwa, na maandishi hayo hayakuwapo. Kampuni ilikuwa imerekodi misimu miwili juu ya kazi ya fasihi ambayo haikuwa yake.

Barua ya wakili ikajikita hapo. Iliomba mazungumzo, bila kutishia mahakama.

Wakati barua inajibiwa taratibu, jambo jingine likatokea mtaani. Kikosi kilirudi kurekodi, na nyumba mbili hazikufunguliwa. Wanaume walikuwa wameingia uani msimu wa pili kinyume cha ahadi, na akina mama walikuwa wameshaamua. Prodyuza alimpigia Mwelekezi akamwomba azungumze nao. Alijibu kwamba atazungumza siku ile suala lote litakapowekwa mezani, na kwamba hawezi kuwaahidi akina mama jambo ambalo hana mamlaka ya kulitimiza seti. Kuna waliomlaumu, wakasema ametumia majirani kama silaha. Mimi naona alisema kweli tupu. Ahadi ya kwanza aliitoa kama mwelekezi. Bila kiti hicho hakuwa na ahadi ya kutoa.

Matokeo

Walikubaliana nje ya mahakama. Kampuni ilikiri kwa maandishi kwamba andiko mama ni lake na ikalipia leseni ya misimu iliyokwisha na iliyobaki. Kiasi tu ndicho kilichowekwa siri. Jina lake likaongezwa mwanzoni mwa kila sehemu kama mwenye hadithi asilia, na sehemu alizozielekeza zikarudishiwa jina lake sawasawa. Akarudi kuelekeza fungu moja la sehemu za harusi, kwa masharti yake kuhusu nani anaingia uani, na nyumba zikafunguliwa.

Kiti cha mwelekezi mkuu hakukipata tena. Tamthilia ya pili iliendelea bila yeye. Kampuni ilimbadilisha mhusika jina na kazi na ukoo, na wakili akamshauri kwamba wazo tupu halilindwi na hakimiliki, kinacholindwa ni namna lilivyoandikwa. Sifa ya ugumu aliyoikwepa kwa kunyamaza ilimfika vilevile, kwa minong’ono, na kwa kipindi kirefu simu hazikulia. Katika kipindi hicho alitengeneza filamu fupi kwa fedha ya leseni, ikaonyeshwa kwenye matamasha, na kupitia hiyo akapata kuelekeza makala ya televisheni kwa kampuni ya nje ya nchi. Sasa ana kampuni yake ndogo.

Uchambuzi

Kilichomwokoa ni kitu alichokifanya kabla ya hatari yoyote kuonekana: aliandika, na aliyoyaandika yakabaki na tarehe. Vijana wengi wa kizazi chake huenda kwa prodyuza na wazo mdomoni. Wangefikia hatua ya barua ya wakili wakiwa mikono mitupu. Usajili wa kazi kwenye Bodi ya Hakimiliki ya Kenya si sharti la kuwa na haki, kwani haki huzaliwa kazi inapoandikwa, lakini cheti chake ni ushahidi ambao hata barua pepe haiufikii. Yeye hakusajili. Angesajili, mazungumzo yangekuwa mafupi zaidi.

Mkataba wa usiku wa mwisho ni mbinu inayojulikana, hata pale ambapo hakuna aliyeikusudia. Mtu anawekewa mezani karatasi pamoja na njaa ya wenzake. Nimewauliza waelekezi wanaume wa rika lake nao wakasema wameupitia mtego huohuo, kwa hiyo siuhesabu kuwa ubaya wa kijinsia peke yake. Tofauti iko kwenye gharama ya kukataa. Mwanamume aliyekataa kusaini huitwa mjuzi wa biashara. Kinga ilikuwa kuomba mkataba siku alipotuma andiko, wakati prodyuza alikuwa bado anamhitaji na hakuna kamera iliyokodiwa. Na hata usiku ule palikuwa na njia ya tatu kati ya kusaini na kukataa: kuandika kwa kalamu pembeni kwamba mkataba hauhusu andiko mama, kisha kusaini hapohapo na kupiga picha ukurasa. Prodyuza aliyeita mkataba karatasi ya ofisi tu asingepata sababu ya kukipinga kijimstari kimoja.

Kuhusu mimba, mpango wake ulikuwa bora kuliko wa kampuni nyingi zenye idara za rasilimali watu, na nasema hivyo kwa moyo mzima. Alionyesha kwamba utaratibu wa zamu unaotumika kumtoa mwanamke unaweza kutumika kumbakiza. Pengo lilikuwa kwenye jibu. Simu ya huruma ilipaswa kufuatwa na ujumbe mfupi wa maandishi siku ileile: “Ahsante kwa mazungumzo ya leo. Nimeelewa kwamba nitahamia uhariri mwezi fulani na kurudi seti mwezi fulani.” Ujumbe wa aina hiyo hauna ukali. Aliyesema kwa nia njema atajibu ndiyo, na aliyekuwa na nia nyingine atalazimika kuisema. Wanawake wa Pwani tumelelewa kupokea neno jema kwa neno jema, na adabu hiyo ni tunu. Inaweza kuandikwa pia.

Kunyamaza kwake mitandaoni ni jambo ambalo bado tunabishana. Yeye anaamini kelele zingefunga mlango wa mazungumzo. Mimi naamini angeweza kusema kidogo na kwa utulivu, kwa mfano kuweka hadharani orodha ya sehemu alizozielekeza, bila kumtaja wala kumlaumu mtu. Kimya chake kamili kiliwaachia wengine wasimulie kisa chake, na walikisimulia vibaya.

Ulinzi aliompa kijana ni uamuzi ambao haukumletea faida yoyote, na ninauona mkubwa kuliko yote. Kijana huyo ndiye aliyetoa ratiba za kila siku zenye jina la Mwelekezi, kwa hiari, alipoombwa. Tasnia hii hupenda kuwagombanisha wanaopokezana kiti kimoja huku aliyekitoa akitazama pembeni.

Na suala la nyumba linahitaji kutazamwa upya na yeyote anayepanga bajeti. Imani ya mtaa ilikuwa sehemu ya uzalishaji kama taa na kamera, lakini haikuandikwa popote kama kazi, wala haikulipwa. Mama na shangazi yake walifanya kazi ya siku nyingi ambayo kampuni ingemlipa meneja wa mandhari. Kwa kuwa ilionekana ni ujirani, ilihesabiwa bure. Kazi ya wanawake nyuma ya kamera hupotea namna hiyo mara nyingi zaidi kuliko kwa kuporwa waziwazi.

Anachokidai sasa

Mikataba yake ya leo ina vipengele ambavyo amekuwa akiwapa wanafunzi wangu wavinakili. Andiko hutolewa kwa leseni ya msimu kwa msimu, na mhusika akitolewa kwenda tamthilia nyingine ni leseni mpya. Jina la mwelekezi wa sehemu ya kwanza hubaki kwenye misimu yote, kwa sababu yeye ndiye aliyechagua waigizaji, kimo cha kamera na rangi za nyumba, na wanaofuata hufuata alichokiweka. Katika sehemu nyingine jina huandikwa kwa aliyeelekeza sehemu hiyo, na haliwezi kubadilishwa kwenye marudio bila saini yake. Maandalizi ya mtaani yana mstari wake kwenye bajeti na yana mlipwaji.

Halafu kuna kipengele cha uzazi: mwelekezi mjamzito huhamia maandalizi au uhariri kwa malipo yaleyale na kurudi seti katika muda uliotajwa. Vingine vimekubaliwa, vingine kwa kuvutana. Hiki, hadi ninapoandika, kimekataliwa na kila kampuni aliyokipelekea isipokuwa moja, na ni kwenye kazi ya kampuni hiyo ndiko anakoelekeza hivi sasa.